Ukimuuliza askari kwa nini anataka kuacha kazi, bosi wake akae nje

Dodoso langu la kwanza lilikuwa na maswali 34. Nilitoa nakala 60, nikamkabidhi msimamizi wa zamu wa kampuni moja ya ulinzi hapa Mwanza awagawie vijana wake. Baada ya wiki karibu zote zilirudi, safi, hazina hata alama ya kikombe cha chai. Kwenye swali la sababu inayoweza kumfanya mtu aache kazi, karatasi baada ya karatasi ilisema mshahara mdogo. Nyingine zilisema hivyo kwa mwandiko uleule mmoja.

Nilifurahi. Nikakimbia nazo kwa mwalimu aliyekuwa akinisimamia tasnifu, nikijua kazi ya miezi miwili nimeimaliza kwa siku saba. Akapekua tano sita, akauliza, "Walipokuwa wanajaza, bosi wao alikuwa wapi?" Nikamwambia ndiye aliyezikusanya. Akanirudishia fungu lote bila neno.

Haya nawaandikia wadogo zangu mlio mwaka wa mwisho, mnaotaka kutafiti kwa nini askari huingia kazini, hubaki au huondoka. Ni mada nzuri, ila ina mitego, na mimi niliikanyaga mingi.

Tuanze na jeshi lenyewe. Mimi nilipita JKT kwa kujitolea, miaka miwili, nikatoka na cheti na goti linalonikumbusha kila mvua ikinyesha. Jeshini sikuchaguliwa. Kwa hiyo nilitamani sana kuandika kuhusu JWTZ. Acheni. Idadi ya askari na nani anaondoka ni mambo ya usalama wa nchi, kibali chake hukipati kwa semista moja. Lakini malindo ya Mwanza yamejaa watu waliopita JKT. Jeshi hilo la Kujenga Taifa lilianza 10 Julai 1963, na matangazo yake ya vijana wa kujitolea hukumbusha kwamba mafunzo si ahadi ya ajira. Sehemu hiyo wazazi huiruka. Kijana akirudi Igoma au Buhongwa na kwata yake na mazoea ya kuamka saa kumi alfajiri, kazi inayomwita haraka ni ulinzi. Ukikaa na hao unajifunza mengi kuhusu uaskari bila kugusa siri ya kambi ya mtu.

Aliponiona nimenyong'onyea, mwalimu alinielekeza kwenye kazi ya Samuel Stouffer, mwanasosholojia wa Marekani. Wakati wa Vita vya Pili vya Dunia, huyu bwana na wenzake waliwahoji askari wa Marekani zaidi ya nusu milioni, na matokeo yakachapishwa 1949. Kilichonishika kwanza kilikuwa namna walivyouliza. Askari walijaza bila kuandika majina, na maofisa hawakuwemo chumbani. Vita inapiganwa, amri ndiyo kila kitu, bado ofisa anatolewa nje ili kuruta aandike anachofikiri. Mimi nilimpa msimamizi wa zamu bahasha!

Halafu kuna lile la vyeo. Polisi wa jeshi walikuwa wanapanda kwa shida, wenzao wa kikosi cha anga wanapanda haraka. Nani alinung'unika zaidi kuhusu kupandishwa? Wa anga. Kule kila mtu ana rafiki aliyepata cheo juzi, kwa hiyo aliyebaki anajiona kadhulumiwa. Polisi akiangalia kushoto na kulia, wote wako palepale alipo yeye.

Nililisoma mara tatu ndipo nikamwelewa mlinzi mmoja wa Capri Point. Alikuwa analipwa sawasawa na mwenzake wa ghala la Igogo, kampuni ileile, sare ileile. Wa Igogo ametulia. Wa Capri Point kila siku yuko mbioni kuondoka, wakati upepo wa ziwa unampiga kwenye lindo zuri ambalo wengi wanalitamani. Siri ilikuwa ng'ambo ya barabara: lango la pili lina mlinzi aliyeajiriwa na mwenye nyumba mwenyewe, amepewa koti la mvua, anatolewa sahani ya chakula saa mbili usiku, na Krismasi anakwenda kwao Sengerema. Wa kwetu anaiangalia sahani ile inapita mbele yake kila usiku. Kwenye dodoso aliandika "mshahara."

Hayo sikuyapata kwa karatasi. Nilirudi malindoni usiku, kati ya saa tatu na saa sita, na chupa ya chai na chapati. (Dada zangu, msiende peke yenu. Mimi kaka yangu alikuwa ananingoja na pikipiki yake hatua chache.) Usiku ule mzee mmoja nilimwamkia shikamoo, akaitika, "Marahaba mayu, umepotea?" (Mayu ni mama kwa Kisukuma.) Tukaongea habari za mvua na bei ya sato karibu saa nzima kabla sijagusa kazi. Usione ni muda umepotea. Nilipouliza mbona hajaacha, miaka minne kazini ilhali vijana wanapita kama upepo, akacheka: "Nitaachaje? Nawadai miezi mitatu. Nikiondoka leo, nani atanitafuta anilipe?"

Kwenye jedwali langu la mwanzo mzee huyo nilikuwa nimemweka upande wa walioridhika na kazi.

Kuwa makini sana hapo. Kubaki si kupenda. Kwa miaka mingi askari wa Marekani aliyeondoka kabla ya kutimiza miaka 20 kwa kawaida hakupata pensheni yoyote, hata akiwa na miaka 15. Aliyefika katikati alivumilia hata kama moyo umeshatoka. Utaratibu ulioanza Januari 2018 ndio ulioanza kumpa kitu anayeondoka mapema. Ukihesabu vichwa tu, anayevumilia na anayeipenda kazi wanafanana.

Msidhani nimekuja kusema pesa si tatizo, la hasha. Ila neno mshahara ndilo linalotoka kwanza kwa sababu ni salama, halimgombanishi mtu na mtu. Tazameni 20 Januari 1964, askari wa Tanganyika Rifles walipoasi Dar es Salaam. Walidai nyongeza ya mshahara, ndiyo, lakini walidai pia maofisa wa Kiingereza waondoke na Waafrika washike nafasi zao. Jeshi lile lilivunjwa, na 1 Septemba mwaka uleule JWTZ ikaundwa. Dodoso langu la maswali 34 lingerudi na lile la mshahara tu.

Sasa mlango wa kuingilia, ambao wengi mnausahau. Uingereza, mkaguzi wa hesabu za serikali alipoangalia uandikishaji wa jeshi la nchi kavu mwaka 2018, alikuta nusu ya waombaji wanatumia hadi siku 321 tangu kuomba mpaka kuanza mafunzo. Mwaka wa fedha 2017/18 asilimia 47 ya waombaji walijitoa wenyewe. Kijana wa hapa hangoji siku 321, atakuwa ameshapanda mtumbwi wa dagaa Ukerewe. Kwa hiyo ukiandika "vijana hawapendi kazi hii", hakikisha kwanza hawajachoka kusubiri simu. Marekani nako mwaka 2022 jeshi la nchi kavu lilitaka watu 60,000 likapungukiwa kama 15,000, na sehemu ya jibu lake ilikuwa kufungua Fort Jackson kozi ya kuwaandaa waliokuwa karibu kufikia viwango vya mtihani au uzito. Kukosa wanaotaka ni jambo moja, kukosa wanaofaa ni jingine.

Kwa upande wa maswali: usiulize "kwa nini utaacha?" Uliza, "Wiki iliyopita, siku gani ulitamani kuvua sare? Ilikuwaje?" Hapo utaambiwa habari za mpokeaji wa zamu asiyetokea, saa 12 zikawa 24, na makato ya sare ambayo hakuna aliyeyataja siku ya usaili. Watafute pia walioshaondoka. Mimi niliwapata Mwaloni Kirumba wakibeba magunia ya dagaa, na kwenye vijiwe vya bodaboda Buzuruga. Hao hawaogopi mtu, wanaongea mpaka unaomba wapunguze kasi ya kusema. Namba za simu na majina ukimaliza, choma. Kuna mmoja alinikazia macho dakika nzima akiamini nimetumwa na kampuni, na kwa dodoso lile la kwanza alikuwa na kila haki.

Wengi wa walioondoka mapema walinipa habari moja: walichoambiwa kabla ya kuanza na walichokikuta havikufanana. Watafiti wa Marekani walishalijaribu hili tangu miaka ya 1970, hata kwa kuruta wa jeshini. Unamweleza mtu mapema ugumu wa kazi kama ulivyo, halafu unaangalia nani anabaki. Faida inayoonekana si kubwa ya kushangaza, lakini ipo, na haigharimu kitu.

Siku hizi niko ofisi ya utumishi, nami naajiri walinzi. Kabla kijana hajasaini namlaza lindoni usiku mmoja na mzoefu, kwa posho ya siku hiyo. Mwezi uliopita nilipeleka sita, wawili wakaomba nauli warudi kwao hata saa saba haijafika. Asubuhi mkurugenzi akaniita: mbona nawakimbiza watu tuliotangaza kuwatafuta? Nikamwambia nimepoteza nauli mbili. Ningewasainisha, ningepoteza sare mbili na malindo mawili yasiyo na mtu.