Dhamana na ulinzi wa stoo kwa mwenye leseni ya duka la mgawo India

Swali: Nashauri kikundi cha wanawake nchini India kilichopewa leseni ya duka la mgawo wa nafaka za serikali. Ofisi ya ugavi inataka dhamana kabla ya gunia la kwanza kuletwa, na itakuja kukagua stoo. Dhamana iwekwe vipi, na ni mambo gani hasa yanayoponza leseni?

Jibu: Kiwango cha dhamana hupangwa na jimbo, kwa hiyo kisomeni kwenye masharti ya leseni yenu, msikichukue kwa jirani wa jimbo jingine. Zamani mwenye duka alilipia nafaka kwanza, kisha akaiuza kwa bei ya serikali. Tangu Januari 2023 walengwa wanaipata bure: kilo 5 kwa mtu kwa mwezi, na kilo 35 kwa kaya ya Antyodaya, yaani kaya maskini kupindukia. Shehena iliyo stoo ni mali ya serikali, nyinyi mnailinda tu. Upungufu wowote mtaulizwa nyinyi.

Kama mnaruhusiwa kuchagua, wekeni amana ya benki ya muda maalumu iliyowekwa rehani kwa ofisa husika. Riba inabaki kuwa yenu, tofauti na fedha taslimu zinazokaa tu ofisini. Angalieni mambo mawili. Jina la mwenye amana kwenye hati ya benki lifanane na la kwenye leseni. Hati ya jina la mwenyekiti wakati leseni ni ya kikundi itarudishwa, na mwenyekiti akibadilika mtaanza upya. Pili, muda wa hati upite muda wa leseni kwa miezi kadhaa, kwa sababu dhamana hairudishwi mpaka hesabu ya mwisho ifungwe. Tunzeni stakabadhi halisi. Bila hiyo kuidai ni kazi.

Sasa stoo. Mlango wa chuma na kufuli nzuri havisaidii kama komeo limefungwa kwa skrubu za nje. Tumieni bolti zinazopenya, nati zikae ndani. Funguo mbili kwa watu wawili tofauti. Pengo chini ya mlango lisizidi milimita 6, maana likizidi hapo panya mdogo hupita. Magunia yakae juu ya vichanja, mbali na ukuta kiasi cha mtu kupita, na kila rundo liwe na idadi ileile, mfano matano kwa safu, safu sita. Mkaguzi anahesabu marundo kwa dakika chache, nanyi mnaona gunia lililotoweka asubuhi ileile. Marundo yaliyopangwa ovyoovyo ndiyo kificho cha wizi wa ndani.

Hata hivyo, nafaka nyingi hupotea kwenye mizani kabla hata ya kufika kwenye kufuli. Gunia la juti la kilo 50 lenyewe lina uzito wa gramu 580 hivi. Likipimwa na gunia lake, mizani isome takriban 50.58. Mkipokea magunia 100 yanayosoma 50.00 kila moja, mmepungukiwa kilo 58, mgawo wa watu 11 na ziada. Kwa hiyo pimeni wakati lori bado lipo mlangoni, andikeni upungufu kwenye hati ya kupokelea mzigo, dereva atie sahihi, ndipo mtie yenu. Ukishasaini kwamba umepokea kamili, hakuna atakayekusikiliza.

Upande wa mashine ya alama za vidole, inayomtambua mteja na kuandika mgawo aliopewa, kosa baya ni kuchukua kidole leo na kumwambia mtu nafaka aje kesho. Mashine imeshapunguza shehena, rundo halijapungua, na mkaguzi akiingia katikati hapo anaona ulaghai hata kama nia ilikuwa njema. Pimeni kwanza, kidole baadaye, nafaka itoke papo hapo. Vidole vilivyosuguliwa na kazi vikigoma, fuateni njia mbadala iliyowekwa na jimbo, msimrudishe mtu mikono mitupu. Kadi za wateja msizishike hata usiku mmoja; amri ya serikali kuu ya mwaka 2015 ya udhibiti wa mgawo inakataza. Inadai pia ubao wenye shehena ya kufungulia na kufungia, saa za kazi na viwango vya mgawo, pamoja na sampuli za nafaka mahali pa kuonekana. Ukaguzi hautakiwi kupungua mara moja kila miezi mitatu.

Bima ya moto na wizi ni nzuri, lakini someni kama inagusa mali ya mtu mwingine iliyo mikononi mwenu. Nyingi hulipia mali ya mwenye bima tu.

Wizi ukitokea, msigawe kitu siku hiyo. Hesabuni magunia mbele ya mashahidi, chapeni salio la mashine, ripotini polisi na ofisi ya ugavi siku ileile, na mbaki na nakala iliyogongwa muhuri.