Mwambie shangazi pompomu hakuna

Mdogo wangu,

Umeniuliza kama ni kweli, maana shangazi katuma sauti kwenye kundi la familia kwamba natengeneza sinema ya mabinti wa pompomu, wale wanaotikisa vishada vya rangi wakishangilia mechi, huku Florida, Marekani, napunga upepo wa bahari, na ada yako haiwezi kunishinda. Nimeisikiliza mara tatu. Nikakasirika, nikacheka, nikakasirika tena.

Kwanza, pompomu hakuna. Hawa ni washangiliaji wa mashindano: wanajenga piramidi za watu, wanarushana juu, wanapiga sarakasi. Mazoezi ya mwaka mzima yanaishia kwenye dakika 2 na sekunde 15 pale Daytona Beach, basi. Juzi nilikuwa nimepiga magoti pembeni ya mkeka, binti akarushwa, akachelewa kujikunja, kiwiko kikampata usoni kijana aliyemdaka. Damu puani. Kijana akajifuta kwa fulana, akamuuliza binti kama ameumia. Kocha akasema turudie. Mimi nikaambiwa nisizime kamera.

Filamu yenyewe si yangu. Mimi ni mbeba betri na kamera ya pili. Na silipwi.

Ndiyo, bure. Nilipomaliza chuo nilipata ruhusa ya kufanya kazi miezi 12, tena kazi ya fani niliyosomea tu. Ukikaa bila kazi, siku zinahesabiwa. Zikizidi 90, kwaheri. Mimi nilishafika 71. Kazi ya kujitolea ya saa 20 au zaidi kwa wiki inasimamisha hesabu, kwa hiyo nilimwomba mwenye filamu anichukue bila mshahara. Nilimwomba, na shahada yangu mkononi! Akadhani namfanyia hisani. Kuosha vyombo hotelini kungenilisha, lakini si fani yangu, siruhusiwi. Zile hela za Januari nilizokutumia nilikopa kwa ninayeishi naye chumba kimoja.

Kwa hiyo usije.

Au ukija, usidanganywe na jina tamu la kozi. Uliza kabla ya kulipa hata senti kama imo katika zile za sayansi na teknolojia zinazoongezewa miezi 24 ya ruhusa ya kazi. Yangu haimo. Sikuuliza, nilikuwa na haraka ya kuitwa mwongozaji. Wakitaka kuuza shamba ili uje, kataa, gombana nao. Lakini fomu ulizoanza, zimalize, usinisikilize sana, leo nimechoka.

Na kuhusu mazishi ya babu, mnaosema nimewasahau: visa yangu imekwisha muda. Kukaa naweza, ila nikitoka, kurudi ni bahati nasibu. Niliyatazama kwenye simu, nimejifungia chooni kwenye ukumbi wa mazoezi, nje muziki wao ukipigwa na kukatwa, ukipigwa na kukatwa.

Ada nitatuma nusu mwezi ujao. Mwambie shangazi tumeongea na mimi ni mzima. Hayo ya kufanya kazi bure usimwambie.