Kwa nini Florida humchagua ofisa wake mkuu wa fedha

Umeuliza kwa nini wananchi wa Florida wampigie kura ofisa mkuu wa fedha ilhali gavana angeweza kumteua tu. Ofisa huyo, ambaye wadhifa wake ulianza Januari 2003 baada ya ofisi mbili za zamani kuunganishwa, ndiye anayekagua na kulipa madai ya wanaoidai serikali ya jimbo, na mlipaji asiyepewa kazi na gavana ana ubavu wa kumkatalia. Blaise Ingoglia aliteuliwa na Gavana DeSantis mwaka 2025 kujaza nafasi hiyo iliyoachwa wazi, ndiyo maana naona kura ya tarehe 3 Novemba 2026 ina uzito wa pekee. Ofisi hiyohiyo hutunza pesa zilizosahaulika, kama hundi ya mshahara wa mwisho ambayo mtu hakuichukua alipohama. Ikiwa uliwahi kuishi huko, tafadhali tafuta jina lako, kwani haki ya kuzidai haina ukomo.