Ujumbe usipokaa kinywani, wimbo umekufa

Msomaji mmoja ameniandikia. Ana wimbo kuhusu vijana na dawa za kulevya. Anasema watu wanaucheza mpaka jasho linawatoka, lakini wakitoka ukumbini hakuna anayekumbuka hata mstari mmoja.

Nimeyasoma mashairi yake. Kosa liko mstari wa kwanza: "madhara ya matumizi ya dawa za kulevya". Hayo ni maneno ya bango la zahanati. Kijiweni haongei mtu hivyo.

Mrudie mwanamuziki Dk. Remmy Ongala. Alizaliwa Kongo mwaka 1947, akaja Dar es Salaam 1978 kupiga na Orchestra Makassy, halafu bendi ya Super Matimila ikamfanya sauti ya wanyonge. Hadi leo kituo cha daladala kinaitwa Sinza kwa Remmy. Ukimwi ulikuwa umeshatambuliwa Kagera tangu 1983, na viongozi wengi walikuwa wakiuzungukazunguka. Yeye akaimba "Mambo kwa Soksi". Soksi! Kila mtu anaijua, anajua inavaliwaje, na mtu mzima anaelewa palepale kuwa ni kondomu. Redio ya taifa ikakataa kuupiga. Jambo hilo linauma mpaka leo: watu walikuwa wanazikwa, na wimbo wa kuwaonya ukazuiwa kwa sababu ya aibu.

Basi tafuta neno moja la nyumbani libebe jambo lote. Kiitikio kiwe na maneno manne hadi sita, ya pumzi moja. Kijaribu kwa gitaa kavu mbele ya watu watatu wasioujua wimbo. Ukikirudia mara ya tatu na bado hawaitikii, kata maneno, usiongeze sauti.

Chunga pia mkazo. Kiswahili hukaza silabi ya pili kutoka mwisho, lakini barabara ya magari hukazwa "ba" ya pili, na barabara ya "sawasawa" hukazwa "ra" ya kwanza. Ukiimba kuhusu barabara mbovu na pigo zito likaangukia hiyo "ra", umesifia ulichotaka kulaumu. Watunzi wengi hukosea hapa kwa sababu hutunga melodi kwanza, halafu wanasukumiza maneno ndani.

Habari zote ziweke kwenye beti za taratibu. Kwenye chemko, ile sehemu ya kasi ya kucheza, usilete jambo jipya. Neno kama "walionyang'anywa" lina silabi sita, na mwendo ukiwa mkali linakatika katikati. Mpiga solo asubiri mstari uishe ndipo ajibu. Akipiga juu ya sauti ya mwimbaji, kitakachosikika ni nyuzi tu. Na usiniambie watu hawataki ujumbe! Wanautaka, ila hawataki kuhutubiwa. Msanii mwenye kipaza sauti anayeona mateja wamelala mtaroni kisha akaimba viuno tu anawajibika kwa ukimya wake.

Sasa turudi kwa wimbo wako. Mtaani dawa za kulevya wanaziita unga. Jikoni pia kuna unga. Jaribu hiki:

Mama kakosa unga,
mtoto ana unga.

Silabi saba kwa saba, maneno sita. Pigo zito liangukie "u" ya unga mistari yote miwili. Kwenye unga wa pili magitaa yote yanyamaze, ibaki tumba peke yake kwa mapigo manne, ndipo ubeti unaofuata uingie.