Unataka kuangalia besiboli ukiwa Iowa? Anza na msimbo wa posta

Mwezi wa tatu ukikaribia, Waswahili wenzangu hapa Des Moines huanza kuniuliza swali moja: "Dada, besiboli mnaiangalia wapi? Nilipie nini?" Wengi wao ni wazazi. Mtoto amejiunga na timu ya mtaani, amerudi nyumbani na kofia ya Cubs au ya Cardinals, na sasa baba aliyekulia kwenye Simba na Yanga anatakiwa akae sebuleni aelewe kwa nini mpigaji hajagusa mpira hata mara moja na bado anatembea taratibu kwenda kituo cha kwanza. Wanataka kuangalia pamoja na watoto wao. Ni jambo zuri mno, na ndiyo sababu inaniuma kuona mtu anatoa zaidi ya dola mia kisha anakuta timu ya mwanawe haionekani.

Jibu langu huwa hilo hilo: usilipe kitu kabla hujajua ligi inakuhesabu kuwa mtu wa wapi. Unapoishi kuna uzito kuliko timu unayoipenda.

Ligi Kuu ya Besiboli ya Marekani, MLB, ina timu 30, na kila timu hucheza mechi 162 tangu mwisho wa Machi hadi mwisho wa Septemba. Jumla ni mechi 2,430 kabla hata mtoano haujaanza. Huduma kubwa ya kuziangalia mtandaoni ni MLB.TV. Ligi ilirusha mechi yake ya kwanza kwenye intaneti tarehe 26 Agosti 2002, Yankees na Rangers, kwa hiyo hawa si wageni wa kazi hii, na picha yao ni safi kweli. Msimu wa 2025 kifurushi cha timu zote kilikuwa dola 149.99, na cha timu moja dola 129.99. Hicho cha timu moja kipo kwa sababu mashabiki waliishtaki ligi mahakamani, na kesi ikaisha kwa makubaliano mwaka 2016. Kabla ya hapo, aliyetaka timu moja alilazimika kununua zote.

Sasa njoo Iowa. Jimbo letu halina timu hata moja ya ligi kuu, lakini timu sita zinalihesabu kuwa eneo lao: Cubs na White Sox za Chicago, Cardinals ya St. Louis, Royals ya Kansas City, Twins ya Minnesota na Brewers ya Milwaukee. Mojawapo ikicheza, iwe nyumbani au ugenini, MLB.TV inakufungia mechi hiyo. Kwenda Milwaukee kwa gari kutoka hapa ni zaidi ya saa tano, lakini kwenye ramani ya ligi wewe ni jirani yao. Siku ambayo timu hizo zote zinacheza na timu za mbali, mechi sita zinakupita kwa mpigo, na ndizo hasa ambazo watoto wanazizungumzia shuleni.

Sababu yake ni mikataba ya enzi za kebo. Kila timu iliuza haki ya kuonyesha mechi zake kwa kituo cha televisheni cha eneo lake, na kituo kililipa fedha nyingi kwa ahadi kwamba hapo hakuna mwingine atakayezionyesha. MLB.TV ilianzishwa kwa ajili ya mashabiki walio nje ya eneo la timu yao. Ukishalielewa hilo, mengine yote yanajipanga. Mtu wa Iowa anayeipenda Yankees au Dodgers ana raha: anunue kifurushi cha timu moja, ataona karibu mechi zote, isipokuwa zile dhidi ya majirani zetu sita na zile zilizouzwa kwa vituo vya kitaifa. Mtu wa Iowa anayeipenda Cubs, kama mimi, hapo hana chake, labda kama yuko radhi kusubiri.

Kwenye tovuti ya MLB kuna ukurasa wa kukagua mechi zinazofungwa. Unaandika msimbo wako wa posta, tarakimu tano, na majina ya timu yanatokea hapo hapo. Ni kazi ya dakika moja. Usitegemee maneno ya rafiki anayeishi jimbo jingine, maana ndugu yako wa Houston atafungiwa Astros na Rangers wakati wewe unaziona bila shida, na wa Las Vegas naye ana sita zake kama sisi.

Nimesema kusubiri, na hili wengi hawalijui. Mechi uliyofungiwa hufunguliwa kwenye MLB.TV takriban dakika 90 baada ya kumalizika, na unaiangalia nzima. Kwa sisi wa zamu za usiku hii ni neema. Natoka kazini, naoga, natengeneza chai, naanza mechi mwanzo kabisa kana kwamba wachezaji wananisubiri mimi. Sharti lake ni moja, usijue matokeo. Ndani ya programu ya MLB, kwenye mipangilio, kuna sehemu ya kuficha matokeo, iwashe. Zima na taarifa zinazojitokeza kwenye simu, kisha waombe jamaa wa kundi la WhatsApp wakuhurumie hadi asubuhi. Tangu saa ya kumhesabia mrushaji ilipoletwa mwaka 2023, mechi ya kawaida imeshuka kutoka zaidi ya saa tatu hadi saa mbili na dakika arobaini hivi, kwa hiyo unaimaliza na bado unapata usingizi.

Asiyetaka kusubiri ana njia nyingine ambayo miaka michache iliyopita haikuwepo. Kampuni iliyomiliki vituo vingi vya kanda, Diamond Sports Group, iliomba ulinzi wa kufilisika Machi 2023. Tarehe 31 Mei mwaka huo ligi yenyewe ikachukua matangazo ya Padres ya San Diego na kuanza kuwauzia watu wa huko moja kwa moja mtandaoni, bila kebo na bila kufungiwa. Timu nyingine zikafuata, na Twins wakaingia msimu wa 2025 kwa dola 19.99 kwa mwezi. Cubs nao wana kituo chao, Marquee Sports Network, kilichoanza 2020, na siku hizi unaweza kukilipia kwa mwezi kupitia programu yake. Hapo pia weka kwanza msimbo wa posta uone kama mtaa wako umo. Nawashauri wazazi walipe mwezi mmoja mmoja: Juni na Julai, shule zimefungwa, mtoto yuko nyumbani, lipia. Agosti akirudi darasani, sitisha. MLB.TV kwa mwaka nayo hujilipisha tena yenyewe kabla ya msimu unaofuata, kwa hiyo siku unayojiunga ndiyo siku ya kuzima malipo ya kujirudia. Na kama laini yako ni ya T-Mobile, kila mwanzo wa msimu tangu 2016 wateja wake wamekuwa wakipewa MLB.TV bure. Nafasi ya kujisajili ni siku chache tu, kwa hiyo wahi.

Lakini mtu akiniambia ana dola thelathini tu, namwelekeza kwenye redio. Programu ya MLB ina kifurushi cha sauti pekee, kwa takriban fedha hizo kwa mwaka, chenye matangazo ya redio ya timu zote 30, na sauti haifungiwi popote. Cubs, Cardinals, Twins, wote unawasikia mubashara ukiwa Iowa. Mchezo huu mimi nimejifunzia redioni kuliko kwenye TV. Pat Hughes anatangaza mechi za Cubs tangu 1996, na kabla mpira haujarushwa hukuambia timu zimevaaje: jezi nyeupe yenye mistari ya bluu, kofia, hadi soksi. Kisha anakupeleka polepole, upepo unavuma kutoka ziwani au kuelekea ziwani, mrushaji anatikisa kichwa, mpigaji anatoka kwenye kisanduku. Kwa mtu ambaye bado anajifunza Kiingereza cha hapa, hakuna mwalimu mvumilivu kama mtangazaji wa besiboli, maana anarudia maneno yale yale jioni nzima, na kila neno lina tendo lake.

Kama hata hizo thelathini hazipo, washa redio ya gari. KMOX ya St. Louis, 1120 AM, ina nguvu ya wati 50,000, na mawimbi ya AM husafiri mbali zaidi jua likizama, kwa hiyo usiku mechi za Cardinals zinafika Iowa zikiwa na mkwaruzo kidogo. Watu wa Des Moines wanafuata besiboli kwa masikio tangu zamani. Miaka ya 1930, kijana aliyeitwa Ronald Reagan alitangaza mechi za Cubs kutoka studio ya kituo cha redio cha WHO hapa mjini bila kuziona: alipokea maelezo mafupi kwa telegrafu, naye akayajaza rangi kwa ajili ya wasikilizaji. Baadaye akawa rais.

Mechi za kitaifa nitazipitia haraka, maana hubadilika kila mikataba inapobadilika. Ijumaa mechi mbili ziko Apple TV pekee tangu 2022. Jumapili usiku, baada ya kukaa ESPN tangu 1990, kuanzia 2026 zimehamia NBC na Peacock, huduma yake ya mtandaoni. Netflix imechukua mechi ya ufunguzi na shindano la kupiga hom rani (mpira unaopigwa hadi kuvuka uzio wa uwanja), pamoja na mechi ya Twins na Phillies iliyopangwa Agosti 2026 katika uwanja wa mashamba ya mahindi kule Dyersville, hapa hapa Iowa. ESPN nayo ndiyo inayouza MLB.TV sasa. Sikushauri uzilipie zote. Nunua antena ya ndani, ile ya bei ndogo unayoibandika dirishani: Fox na NBC zinapatikana bure hewani, na fainali za World Series ziko Fox hadi 2028. Mechi ya saba ya 2025, Dodgers walipoifunga Blue Jays 5-4 katika awamu ya kumi na moja, ungeiona nzima kwa antena hiyo hiyo. Tena hili ni muhimu, kwa sababu ndani ya Marekani MLB.TV peke yake haikupi mtoano mubashara. Ili uuone humo, unatakiwa uwe na kebo au huduma nyingine ya kulipia.

Watu huniuliza pia kuhusu VPN, programu ya kuficha mahali ulipo, na zile tovuti za bure. VPN inavunja masharti uliyokubali, na programu ya simu husoma mahali ulipo kwa setilaiti, kwa hiyo mara nyingi unalipa mara mbili na bado unafungiwa. Tovuti za wizi zinajaa matangazo machafu yanayojifungua yenyewe. Mimi naangalia na mtoto pembeni, kwa hiyo kwangu hilo halina mjadala.

Usisahau besiboli ya karibu. Iowa Cubs, timu iliyo ngazi moja tu chini ya Chicago, inacheza Principal Park katikati ya mji wetu, na Cedar Rapids na Davenport wana timu zao za ngazi ya chini. Tiketi ni nafuu na mtoto anakaa karibu kiasi cha kusikia mpira ukigonga glavu. Mechi za ligi hizi ndogo zimo pia ndani ya MLB.TV, na Iowa hazifungwi kama zile za timu sita kubwa. Mchezaji uliyemwona hapa Mei unaweza kumkuta Wrigley Field, uwanja wa Cubs kule Chicago, Agosti, na mtoto atakwambia, "Mama, si yule?"

Mwisho ni kwa ndugu mlio Afrika Mashariki, kwa sababu na ninyi mnauliza. Uganda ina vijana waliosajiliwa na Dodgers mwaka 2022, Dar es Salaam kuna uwanja wa besiboli Azania Sekondari uliojengwa kwa msaada wa Wajapani, na hamu ipo. Ninyi mna nafuu ambayo sisi wa Iowa hatuna: nje ya Marekani na Kanada, MLB.TV haiwafungii Cubs wala Cardinals, na mtoano umo. Tatizo lenu ni bando na usingizi. Picha ya ubora wa juu inakula takriban GB 3 kwa saa, kwa hiyo shusha ubora au chukua sauti peke yake, ambayo inatumia kidogo sana. Programu ya MLB pia ina mechi moja ya bure karibu kila siku ya msimu kwa aliyejisajili, na mechi zilizofupishwa hadi kama dakika kumi. Kuhusu usingizi, mechi ya saa moja jioni ya Chicago kwenu ni saa tisa usiku, siwashauri. Tafuteni mechi za mchana za Wrigley Field, uwanja uliokaa bila taa hadi 1988 na ambao hadi leo unacheza mchana kuliko viwanja vingi. Nyingi huanza saa saba na dakika ishirini mchana kwa saa za Chicago. Kwa Dar, Nairobi na Kampala hiyo ni saa tatu na dakika ishirini usiku, na Bujumbura na Lubumbashi saa mbili na dakika ishirini. Chakula cha usiku kimeshaliwa, na kwenye saa sita mechi imeisha.