Fandesheni inanitoa majivu, nichukue nyeusi zaidi?

SWALI: Shikamoo dada. Niko Moshi, Pasua. Mwezi wa kumi na mbili dada yangu ana sendofu na mimi ndiye mpambe wake, nataka nijipambe mwenyewe. Nilinunua fandesheni dukani, muuzaji akanipima mgongoni mwa mkono akasema hii ndiyo namba yako. Nikipaka natoka kijivu, kama nimemwagiwa unga. Nikarudi nikachukua namba inayofuata, nyeusi zaidi. Asubuhi majivu bado yapo, na ikifika saa saba uso umekuwa mweusi kuliko shingo. Mimi ni mweusi wa wastani, si maji ya kunde. Nimeangalia mishipa ya mkononi kama wanavyofundisha mitandaoni, sioni kijani wala buluu. Namba yangu ni ipi? Na hizi chupa mbili nizitupe?

JIBU: Marahaba mdogo wangu. Hapo umeleta matatizo mawili kwenye mfuko mmoja. Majivu ya asubuhi yana sababu yake, na weusi wa saa saba una sababu yake. Hilo la kwanza halitibiwi kwa kupanda namba, na ndipo hela za wengi zinapoishia: mtu anatoka majivu, anadhani fandesheni ni nyeupe mno, ananunua nyeusi zaidi, anatoka majivu meusi.

Rangi ya fandesheni nyingi hutokana na unga wa madini wa aina nne: oksaidi za chuma, yaani nyekundu, njano na nyeusi, pamoja na titani dioksaidi ambayo ni nyeupe pe. Kila namba ni vipimo tofauti vya hao wanne. Kahawia ya ngozi zetu inataka nyekundu na njano ya kutosha. Kiwanda kikizidisha nyeusi na nyeupe kikabania hizo mbili, kinachobaki ni kijivu, haijalishi chupa ina giza kiasi gani. Ndiyo maana chupa mbili zinaweza kulingana weusi pale kwenye shelfu, moja ikakaa juu ya uso wako kama vumbi na nyingine ikazama usiione.

Kwa hiyo kila namba ina mambo mawili ndani yake: kina cha weusi, na upande ambao weusi huo umeegemea. Saluni tunauita andatoni. Wewe umekuwa ukibadilisha kina tu. Mimi ningebaki kwenye kina kilekile cha chupa ya kwanza, au karibu nacho, nikabadilisha upande.

Kuhusu mishipa, usijisumbue. Kipimo kile kinawafaa watu ambao mishipa yao inaonekana vizuri; kwetu melanini, yaani rangi asilia ya ngozi, imeifunika, na hata ukiona kitu, unachokiona ni kivuli. Kipimo cha kujaribisha mapambo ya dhahabu na fedha nacho sikiamini, maana kila mtu anapenda kujiona na dhahabu. Fanya hivi: nawa uso, usipake kitu, vuta nywele zote nyuma, jifunge taulo nyeupe shingoni usimame karibu na dirisha mchana. Weupe wa taulo utaisukuma ngozi yako ijitaje. Wapo wanaoonekana wa dhahabu, kama ngozi ina asali ndani. Wapo wenye wekundu, hasa mashavuni na kifuani. Weusi wao unaelekea kwenye udongo wa Kibosho. Wapo weusi ambao wakigeuka mwanga unateleza na buluu, na hao ndio maduka mengi huwasahau. Na wapo wa katikati, wasioegemea popote. Usipojiona kwenye kundi lolote, usijali, taulo ni la kukupa dokezo tu. Jibu lenyewe liko kwenye mistari mitatu.

Nenda dukani uso ukiwa mtupu, na vijiti vyako vya pamba mkononi, kwa sababu testa ya dukani imeguswa na vidole vya mji mzima. Chagua namba tatu zenye kina kinachokaribiana: moja ya dhahabu, moja ya wekundu, moja ya katikati. Usipime mgongoni mwa mkono. Mkono umechomwa na jua na umesuguliwa kwa sabuni ya kufulia, rangi yake haina undugu na uso. Chora mistari mitatu wima, kila mmoja upana wa kidole, uanzie chini ya shavu, ushuke kwenye mfupa wa taya, uingie shingoni. Kisha ondoka dukani. Hili nalisisitiza: toka nje kabisa. Taa za dukani, nyingi ni zile nyeupe zenye ubuluu kidogo, zinaficha wekundu. Na kama umenunulia sokoni, kwa mfano Mbuyuni, angalia juu yako kuna nini. Chini ya turubai la buluu kila mtu ni wa kijivu, chini ya turubai la chungwa kila namba inapendeza. Mwanga mzuri ni wa kivulini penye uwazi, kwenye saa tatu au saa nne asubuhi. Sisi wa Arusha ile miezi ya mawingu, Juni na Julai, tunalalamika baridi lakini mwanga wake kwa kazi hii ni mtamu kuliko jua kali la saa sita.

Sasa usiangalie kioo mara moja. Zunguka, kunywa chai, rudi baada ya dakika ishirini. Mstari ukiwa bado mbichi unadanganya, maana maji na vimiminika vyepesi vilivyomo havijakauka. Ukishakauka, tazama mpaka wa mstari na ngozi, si katikati ya mstari. Ule usiofaa utakuwa na ukingo unaoonekana: kijivu ukingoni maana yake unahitaji joto zaidi, wekundu au njano, ukingo wa chungwa maana yake umezidisha joto. Ule wako, ukigeuza shingo, utashindwa kusema umeanzia wapi.

Hizo dakika ishirini ndizo zinazogusa tatizo lako la pili. Watu husema fandesheni imeoksidika, kama chuma kinavyoshika kutu. Lakini hizo rangi ni oksaidi tayari, kutu yake imeshakamilika kiwandani. Kinachotokea zaidi ni kwamba mafuta ya uso wako yanauloanisha ule unga, na unga ulioloana hurudisha mwanga kidogo, hivyo unaonekana mweusi zaidi, kama barabara ya vumbi ikinyeshewa. Moshi iko chini kuliko Arusha, joto lake ni lingine, na Desemba jasho halina mjadala. Nikuulize: asubuhi unapaka nini kabla? Kama ni vaselini au mafuta mazito ya nazi, umepata mchawi wako. Paka losheni nyepesi, isubiri iingie, kausha paji, pua na kidevu kwa tishu, ndipo upake fandesheni. Nyembamba! Tabaka nene hugeuka rangi haraka, na hujikata kwenye mistari ya kicheko. Mchana usiongeze poda juu ya mafuta, gandamiza tishu kwanza.

Jambo la alama kwenye chupa, maana linapoteza wengi. Kampuni nyingi huandika W kwa ngozi yenye joto, yaani ya dhahabu, na C kwa yenye ubaridi, yaani inayoelekea upinki au buluu. MAC wao wameenda kinyume: NC zao ni za watu wenye dhahabu, NW ni za wenye upinki. Mtu anayejijua ni wa joto anachukua NW kwa kujiamini, anarudi analia. Namba pia hazihami kutoka kampuni moja kwenda nyingine. 360 ya huku si 360 ya kule, kwa hiyo rafiki yako akikwambia namba yake, muulize na jina la chupa. Fenty Beauty walipoanza mwaka 2017 na namba arobaini, kilichotusaidia sisi weusi hakikuwa ule wingi peke yake. Ni kwamba kwenye weusi uleule ungepata wa dhahabu, wa katikati na wa ubaridi. Siku hizi kampuni za bei ya kawaida nazo zimefuata, ila duka la mtaani huleta namba zinazotoka haraka tu. Kwa hiyo ukikosa, haina maana haipo, na usikubali kushawishiwa kwamba "inakaribiana".

Sasa uso mweusi na shingo nyeupe kidogo. Hiyo ni kawaida kabisa. Wengi wetu paji na pembeni mwa mdomo ni vyeusi, mashavu yana mwanga zaidi, shingo iko katikati, kifua kina lake. Namba hupimwa kwa kinachoonekana na gauni. Kama gauni lako la sendofu limefunga shingoni, linganisha na shingo. Kama limeacha mabega wazi, linganisha na kifua, shingo uishushie rangi kidogo kwa brashi. Kuzunguka mdomo, tanguliza konsila (rangi nzito ya kufunika madoa) ya chungwa iliyoiva, kiasi cha punje ya mchele kila upande, upapase kwa kidole, ndipo fandesheni ifuate. Bila hiyo, eneo hilo litatoka majivu hata ukiwa na namba sahihi, na utaanza kuilaumu chupa isiyo na kosa. (Kwa anayetumia mkorogo na uso umekuwa mweupe kuliko mwili: linganisha na mwili, acha mkorogo. Zebaki na hidrokwinoni zimepigwa marufuku kwenye vipodozi hapa nchini, na si kwa uonevu.)

Chupa zako mbili usizitupe. Chukua ile ya kwanza, tone moja kwenye sahani nyeupe ya udongo, ongeza ncha ya kijiti ya ile konsila ya chungwa, koroga, chora mstari tayani. Ukiona majivu yamekufa, umeshajua unaelekea upande gani, na hiyo ndiyo fandesheni yako ya kila siku. Ile nyeusi zaidi ni ya pembeni mwa uso: paji karibu na nywele, chini ya mifupa ya mashavu, kando ya taya. Nami nikipamba mteja natumia namba mbili, mara chache sana moja. Angalia tu zote ziwe za aina moja. Ya maji ukiichanganya na ya silikoni zinaachana, utaona vijipunje vinajiviringa chini ya sponji.

Kama utanunua mpya kwa ajili ya sendofu, usinunue sasa. Ngozi ya sasa si ya Desemba, hasa kama unapanda bodaboda kila siku bila kukinga uso. Nunua wiki mbili au tatu kabla, na uliza kama muuzaji anaweza kukupimia kidogo kwenye kikopo ukalale nayo kwanza. Jaribio lenyewe lifanye jioni, ndani, umejipaka kamili, mtu akupige picha kwa fleshi. Poda nyeupe zenye silika nyingi, na hata fandesheni yenye kinga ya jua ya titani au zinki, hurudisha fleshi na kukuacha na uso wa mzimu pembeni ya dada yako, wakati kwenye kioo ulikuwa sawa kabisa. Ukiona hivyo badili poda kabla hujabadili namba.

Ukishafanya mistari mitatu na bado huelewi, nitumie picha mbili bila filta, moja ya mistari ikiwa mibichi na moja baada ya dakika ishirini, zote kivulini, na uniandikie majina ya chupa kama yalivyo kwenye lebo.