Mumeo Naye Amefiwa

Msomaji mmoja wa Mombasa, aliyeolewa na mwalimu Mgabra na kumfuata North Horr, katika kaunti ya Marsabit, ameniandikia kwamba mtoto wao mchanga alifariki kwa homa mwezi wa Januari na kuzikwa hukohuko. Anasema mume hamsemeshi na kila jioni hutoka, mama mkwe ana moyo mkavu, na mbele ya mlango hakuna ila jangwa la Chalbi. Anataka talaka arudi kwao.

Binti yangu, pole sana. Mwenyezi Mungu akupe subira. Hata hivyo, nimeisoma barua yako kwa makini na sikubaliani nawe. Umetaja kwa kupitia tu kwamba jioni mumeo huelekea upande wa makaburini, na kwamba mama mkwe hukuletea maziwa ya ngamia kila alfajiri, akaketi kimya, kisha akaenda zake. Mwanamke huyo ameupitia ukame ulioanza mwaka 2020, misimu mitano ya mvua ikaharibika mfululizo na mifugo ikafa mbele ya macho ya wenyewe. Maziwa anayokupa hayatoki kwenye ziada. Nawe hukuniambia kama umejifunza hata salamu za Kiborana, lugha anayoisema yeye.

Uchungu wa mwana aujuaye ni mzazi, na baba naye ni mzazi. Mumeo anaomboleza mahali ambapo wewe hujataka kwenda, kisha unamhesabia kosa. Ndoa za siku hizi zimetufundisha kwamba asiyesema hapendi, ilhali kwetu pwani watu hukaa matanga, wakaketi jamvini na mfiwa bila neno, na hiyo ndiyo rambirambi. Mkwe wako anakukalia matanga hadi leo.

Upweke wako siukatai. Chalbi ni sakafu ya ziwa lililokauka, chumvi na upepo mtupu, na aliyelelewa katika vichochoro vya Mji wa Kale lazima aone dhiki. Lakini ukirudi Mombasa peke yako, kaburi la mwanao litabaki North Horr, na simanzi utaondoka nayo.

Neno la talaka liache kwa sasa. Mwombe mumeo mfuatane jioni, na ikiwa hulali wala huli, akupeleke kituo cha afya. Shule zikifungwa Agosti, nendeni wote wawili kwa mama yako.